Mtoto wa Mpakani na Kazi za Nyumbani

 

Enyi ndugu Waislamu wa Busia na Tororo, akina baba na akina mama: liko neno lisikikalo katika nyumba nyingi za pande hizi, khasa jua linapokaribia kuzama. Mama humwambia mwanawe ashike jerikeni akateke maji, na mwana huuliza atapewa nini. Wazazi wengine hucheka, wengine hushika fimbo. Lakini neno hilo lataka kufikiriwa kwanza, kwani mtoto yule hakulizua mwenyewe. Amefundishwa na mahali alipozaliwa.

Busia ni mji mmoja uliokatwa na mpaka, nusu yake iko Kenya na nusu iko Uganda, na kila kitu kibebwacho hapo kina ujira wake. Hata jina la bodaboda asili yake ni hapa: katika miaka ya 1960 vijana wenye baiskeli walikuwa wakichukua watu na mizigo kati ya kituo cha upande mmoja na cha upande wa pili, wakiita abiria kwa neno la Kiingereza la mpaka, na jina hilo likaenea Afrika Mashariki yote. Mtoto akuaye hapo huona gunia la mahindi likivushwa kwa bei, na trei ya mayai kwa bei, na hata salamu ya kupelekwa ng'ambo mara nyingine ina bei. Ajua kugeuza shilingi ya Kenya iwe ya Uganda kabla hajaweza kuandika barua. Tororo nako, mji wa reli na saruji, malori ya Malaba hayako mbali, na mambo ni yale yale. Basi mtoto wa namna hiyo akiambiwa abebe maji ya nyumbani kwao pasipo malipo, hudhani amedhulumiwa.

Jambo hili lilionekana wazi zaidi wakati wa maradhi ya korona. Shule za nchi zote mbili zilifungwa mwezi wa Machi 2020. Kenya zilifunguliwa kamili Januari 2021, lakini Uganda zilifunguliwa kidogo kidogo, zikafungwa tena Juni 2021, wala hazikufunguliwa kwa watoto wote mpaka Januari 2022. Kwa hiyo katika mji huo huo mmoja, kwa muda mrefu, mtoto wa upande huu alikwenda darasani asubuhi na mwenzake wa ng'ambo alibaki nyumbani. Huko Uganda watoto wengi waliingia katika kazi za fedha, na wako waliokwisha kuonja fedha wasiotaka tena kurudi shule. Wazazi waliowaona watoto wao wamekaa bure walisema kwamba afadhali wafanye kazi. Maneno hayo ni kweli nusu. Kazi ya kumfundisha mtoto ni ile ya nyumba yake, aifanyayo mbele ya macho ya wakubwa wake, akiwa na nafasi ya kusoma, kusali na kucheza. Kumtuma mtoto avushe mzigo kwa njia za panya kwa sababu askari hamshuku, au kumpeleka machimboni Busia ya Uganda aoshe mchanga wa dhahabu kwa zebaki, hiyo ni kumuuza, ijapokuwa unga wa jioni hununuliwa kwa fedha hiyo.

Sasa, mtoto ataitwaje kazini akaja kwa moyo wake? Katika vitabu vya Hadithi mna habari za kijana mmoja aliyefanya kazi za nyumba miaka kumi, naye ni Sayyidna Anas bin Malik. Mama yake, Bibi Umm Sulaim, alimpeleka kwa Mtume (S.A.W.) akiwa na umri wa miaka kama kumi, amtumikie. Anas alipokuwa mzee alisimulia kwamba katika miaka yote ile hakusikia hata siku moja neno la kuchoshwa naye, wala hakuulizwa kwa nini amefanya hili au kwa nini ameacha lile. Na wala asidhani mtu kwamba Anas alikuwa mtoto wa ajabu asiyekosa. Katika Sahihi Muslim imepokewa kwamba siku moja alitumwa, akaapa kwa ulimi wake kuwa haendi, na moyoni alikuwa amekusudia kwenda. Akatoka, akawakuta watoto wanacheza sokoni, akasimama. Mara akahisi ameshikwa kisogoni kwa nyuma; kugeuka, ni Mtume (S.A.W.) naye anacheka. Akamwita kwa jina la kudekeza, Unais, yaani Anas mdogo, akamuuliza kama amekwenda alikotumwa. Anas akajibu kuwa ndiyo anakwenda.

Na habari hiyo itazamwe vizuri. Mtoto alikataa kwa mdomo, akachelewa njiani, akasimama kucheza, makosa matatu katika safari moja. Wangapi katika wazazi wa leo wangelimwacha afike sokoni? Lakini yule aliyemtuma alimfuata mwenyewe kwa miguu, akamkumbusha kwa kicheko, na kazi haikufutwa: swali lilikuwa ni lile lile la alikotumwa. Upole ule haukuwa kumwachilia mtoto.

Luqman naye, katika nasaha zake zilizomo ndani ya Kurani, humwita mwanawe mara tatu kwa wito ambao Kiarabu chake ni cha kumdogesha mtu kwa mapenzi. Pande hizi wito huo upo. Mama humwita kijana wake "baba", na baba humwita binti yake "mama", na mtoto aitwaye hivyo huinuka. Yasikitisha kwamba wito huo hutumika mchana mbele ya wageni, na jioni, wakati wa vyombo, mtoto huitwa mvivu na mbwa.

Ama katika kazi zenyewe, mtoto hupenda kilicho chake. Akiambiwa kila siku "fanya hiki, fanya kile", hujiona mtumwa. Lakini akikabidhiwa jambo moja liwe amana yake kwa mwezi mzima, hujiona mkubwa. Basi na awepo mwenye maji, na mwenye kuku, na mwenye viatu na mikeka ya Sala, na aitwe kwa cheo chake. Mwezi ukiisha wabadilishane, na mwenye kutoka amfundishe mwenye kuingia. Hapo ndipo mama atakapostaajabu, maana mtoto aliyekuwa hafagii vizuri ataonekana akimkemea mdogo wake kwamba pembe ile haikufagiliwa.

Wakati nao uwekwe na adhana, si na kelele. Ua ufagiliwe na jerikeni zijae kabla ya Magharibi; adhana haina ugomvi na mtoto, wala haibadilishi neno. Kazi zilizo ndefu na za kuchosha, kama kumenya karanga, kupepeta wimbi, au kuchagua mchanga katika dagaa (hao ambao ng'ambo moja huitwa omena na ng'ambo ya pili mukene, na mchanga wao ni ule ule), zifanywe kwa mkusanyiko, nyanya akiwa katikati. Atoe kitendawili, na asiyejua atoe mji, na sinia isimame mbele yao. Watoto wadogo wahesabu kwa Kiarabu kila punje wanayoitia bakulini. Watafika mia wakiwa bado wanadhani wanacheza. Mwezi wa Ramadhani mdogo kuliko wote apewe kazi ya kupeleka sahani ya futari kwa jirani, awe Mwislamu asiwe Mwislamu, maana hapana kazi inayompa mtoto heshima kama kupokewa mlangoni na mtu mzima na kushukuriwa kwa jina lake.

Na mzazi awepo kazini. Nabii Ibrahim (A.S.) alipoijenga Kaaba, mwanawe Ismail alimpa mawe naye akajenga, na hakukaa kivulini akaelekeza kwa kidole. Baba alalaye mkekani akaamuru kuni zipasuliwe afundisha vizuri sana, ila afundishacho ni kulala mkekani.

Liko jambo la watoto wa kiume, na halifai kupitwa kwa haraka. Katika nyumba nyingi za Busia na Tororo binti huamka kabla ya Alfajiri, akafagia, akawasha jiko la makaa, akasonga uji wa mihogo na wimbi, akamwosha mdogo wake, kisha akaenda shule amechoka; na kaka yake aliyemzidi miaka miwili huamshwa anywe uji huo. Husemwa kuwa ndiyo mila. Lakini Bibi Aisha alipoulizwa Mtume (S.A.W.) alikuwa akifanya nini nyumbani, alijibu kwamba alikuwa katika kazi za watu wake, na Sala ikifika hutoka kwenda kusali. Na Bibi Fatuma, binti yake aliyempenda mno, mikono yake iliharibiwa na jiwe la kusagia, hata akaenda kuomba mtumishi. Akafundishwa yeye na mumewe Sayyidna Ali tasbihi 33, na tahmidi 33, na takbiri 34 wakati wa kulala. Watu huipenda sana habari hiyo kwa sababu ya tasbihi, na ni wachache waitazamao mikono. Binti wa leo akipelekwa kwa mumewe na mikono ya namna hiyo, na ndugu zake watano wa kiume wamelala, nani atakayesema kwamba nyumba ile ilikuwa na uadilifu? Kijana ajuaye kuosha sufuria hapungukiwi na uume. Huyo huyo kesho atapanga chumba Kampala au Nairobi peke yake, na njaa haitamuuliza kabila yake.

Yabaki suala la malipo, lile la mwenye jerikeni. Kazi ya nyumba isilipwe. Mtoto alipwaye kwa kuosha sahani aliyolia chakula amekwisha kuwa mpangaji kwa wazazi wake, na siku atakapopata mwenye kulipa zaidi, atahama. Akipewa shilingi, apewe kwa kuwa ni mwana, siku ya Idi au siku nyingine yoyote, na isipimwe kwa jerikeni. Lakini na wazazi wasidhani kwamba kutolipa ndiyo kusahau. Jioni, chakula kikiwa katikati, baba aseme mbele ya wote nani aliyeteka maji haya, na mgeni akiwapo aambiwe pia. Mtoto akivunja kikombe, aulizwe kwanza kama amejikata mkono, kisha ukusanywe uvunjifu pamoja naye, na kesho yake apewe kikombe kingine aoshe.