MIAKA YA KAZI NI MALI

Maneno yaliyosemwa mbele ya mkutano wa wafanyakazi, Mususa, Butembo



Tunataka kusema juu ya neno moja tu: miaka ambayo mtu ametumikia Leta ao kompani ya Leta. Wengi wanadhani miaka hiyo imepita kama maji ya mto. Sivyo! Miaka hiyo ni mali. Ndiyo inayompandisha mtu cheo, na siku ya kupumzika ndiyo inayohesabiwa ili kujua feza ya uzee wake. Ukimfutia mtu miaka mitano katika daftari, ni kama umemnyang'anya shamba.

Sheria ya watumishi wa Leta ya tarehe 15 Julai 2016 imeweka kipimo cha kupumzika: miaka 65 ya kuzaliwa, ao miaka 35 ya kazi. Basi oneni namna tarehe moja inavyoweza kuleta mashitaka. Sisi makarani tumeona makaratasi ya mtu mmoja yenye tarehe mbili za kuingia kazini, na jina lake limeandikwa kwa namna tatu. Aliyeandika amekwisha kuhama. Mzee ndiye anayezunguka ofisi kwa ofisi.

Tuangalie kwanza ndugu zetu wachimbaji wa shaba kule Katanga. Katika mwaka 2003 Gécamines, kompani ya Leta, ilikuwa na deni la mishahara ya miezi mingi. Benki ya Dunia ikatoa feza ili wafanyakazi wa miaka mingi, wale waliopita miaka 25 ya kazi, waondoke. Ikaitwa kuondoka kwa hiari. Watu 10,655 wakaondoka, wakapokea feza ya mara moja. Baadaye wengi wakalia: hesabu hii haikufuata sheria ya kazi wala mapatano ya kompani, miaka yetu imepunjwa! Katika mwaka 2009 malalamiko yakafika mpaka Washington, mbele ya kamati ya uchunguzi ya Benki hiyo. Lakini sahihi zilikuwa zimekwisha kutiwa. Tunauliza, ndugu: mtu ambaye watoto wake wamelala na njaa ana hiari gani? Hasomi karatasi. Anatafuta tu mahali pa kutia sahihi.

Sasa tuvuke mpaka, kwa sababu tangu mwaka 2022 Kongo yetu imeingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki, na mambo ya majirani yametuhusu. Jumuiya ya kwanza, ya Kenya, Uganda na Tanzania, ilianza mwaka 1967, ikavunjika mwaka 1977. Watu wa reli, wa bandari, wa posta na wa ndege wakabaki bila bwana. Katika mwaka 1984 serikali tatu zikapatana: kila moja itawalipa raia wake pensheni yao. Maneno yalikuwa mazuri. Lakini huko Tanzania watu zaidi ya 31,000 ilibidi waende tribinali, na mapatano na serikali yao yakapatikana Septemba 2005. Hesabuni wenyewe: miaka 28! Wangapi walikuwa wamekwisha kuzikwa? Na hata hapo, wengine wakasema hesabu haikutimia.

Wakenya 749 nao wakafika Arusha mwaka 2010, katika tribinali ya Jumuiya mpya. Waamuzi wakajibu: Mkataba wetu umeanza kazi Julai 2000, na shauri lenu ni la kabla yake. Wakakata rufaa, na mwaka 2012 wakashindwa tena. Sikieni vizuri. Tribinali haikusema kwamba wazee wale hawakufanya kazi. Ilisema mlango waliogonga haukuwa wa shauri lao. Haki bila njia yake inabaki nje.

Kwa hiyo tunawapa mashauri manne.

La kwanza, shikeni makaratasi: barua ya kuingizwa kazini, barua za kupandishwa cheo, karatasi za mshahara za kila mwezi. Mama wa nyumba ajue mahali yalipo, maana mjane naye ataulizwa.

La pili, msitie sahihi kwenye hesabu ya mwisho kabla ya kuonyeshwa kila mwaka umelipwa ngapi. Asiyejua kusoma amwite mwana wake.

La tatu, jueni njia. Mfanyakazi wa kompani anaanza kwa Inspekta wa Kazi, ambaye anajaribu kupatanisha. Ikishindikana, anaenda Tribinali ya Kazi. Mtumishi wa Leta anaandika kwanza kwa ofisi iliyomkosea, na anabaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Kila njia ina siku zake. Siku zikipita, hata mwenye haki anafukuzwa.

La ine, mwende pamoja. Mzee mmoja mbele ya dirisha la ofisi anaambiwa arudi kesho. Wazee mia moja wenye orodha moja na mwanasheria mmoja wanapewa kiti.

Wakubwa walisema: mali bila daftari hupotea bila habari. Jasho letu limekwisha kumwagika katika miamba, hakuna atakayeturudishia. Bei yake ndiyo tunayodai. Tuiandike, tuilinde, tuidai kwa sheria, tungali hai.