Gari Linakula Dizeli Kiasi Gani?

Leo tufanye hesabu ya Land Rover ya dizeli. Kabla ya kumshuku dereva kwamba anauza mafuta, pimeni. Jazeni tangi mpaka pomoni, andikeni kilomita zilizo kwenye mita. Gari likisha kutembea, jazeni tena. Ikiwa limekwenda kilomita 400 na kujazwa lita 50, gawanyeni: kilomita 8 kwa lita moja. Kitabu cha kiwandani huahidi zaidi, lakini hicho hakikupita katika mchanga wetu.

Mlafi mkubwa ni mwendo wa kasi: kasi ikiongezeka mara mbili, hewa hulizuia gari kwa nguvu mara nne. Matairi yasiwe na upepo haba. Keria tupu ishusheni. Kisha pimeni tena, njia ileile, mzigo uleule.