Ridhaa Kabla ya Video: Watoto Wetu na Karate Mtandaoni



Mtoto anapofuzu mkanda wa manjano, mzazi ana haki ya kujivunia, nami sikuja kumpokonya yeyote furaha hiyo. Nimekuja kuzungumzia kinachofuata: klabu kuipandisha mtandaoni video ya pambano, mara nyingi kabla watoto hawajavua mavazi ya mazoezi.

Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019, kifungu cha 33, hairuhusu data ya mtoto kutumiwa pasipo ridhaa ya mzazi au mlezi wake. Na hata ridhaa ikitolewa, matumizi yenyewe sharti yalinde maslahi ya mtoto. Picha ya uso ni data. Fomu mliyotia sahihi ili mtoto afundishwe karate ni ridhaa ya mafunzo, wala haigeuki kuwa ruhusa ya kumtangazia mwalimu biashara yake. Mnamo Septemba 2023, Kamishna wa Ulinzi wa Data aliitoza shule moja ya Uthiru, Nairobi, faini ya shilingi 4,550,000 kwa kuchapisha picha za wanafunzi bila ridhaa ya wazazi. Klabu ya karate haina kinga ambayo shule haina.

Tena pambano lina watoto wawili. Mshindi ana mzazi anayeshangilia. Aliyeanguka akilia ana mzazi pia, na huenda huyo hakuulizwa. Jumatatu mtoto atarudi darasani na kukuta wenzake wameitazama video hiyo mara kumi, wameikatakata, wameitilia muziki wa dhihaka. Hata ikifutwa, nakala zilizokwisha kupakuliwa zitabaki katika simu za watu.

Itazameni pia nembo kifuani, jina la ukumbi ukutani, na tangazo la "kila Jumamosi saa tatu". Asiyemtakia mtoto mema hahitaji zaidi ya hayo ili kumfikia.

Basi iombeni klabu fomu ya pekee ya video, inayotaja itawekwa wapi na kwa muda gani. Mkikataa, mtoto asinyimwe mazoezi. Ridhaa mliyotoa mnaweza kuiondoa wakati wowote. Video ikiwa imekwisha kuchapishwa, andikeni barua ya kutaka ifutwe, mkitunza nakala ya barua na picha ya ukurasa wenyewe. Klabu ikinyamaza, lalamikeni kwa Ofisi ya Kamishna. Ile mliyojirekodia na kuitunza nyumbani sheria haiigusi. Mkimtumia shangazi yake, mwombeni asiisambaze.