Kitambulisho Mkononi mwa Askari

Mwaka 1994 huko Rwanda kipande cha karatasi kilitosha kumwua mtu. Vitambulisho, vilivyoanzishwa na utawala wa Wabelgiji katika miaka ya 1930, vilitaja kabila la mwenyewe. Kwenye vizuizi vya barabarani, pamoja na wanamgambo wa Interahamwe, walisimama askari walioapa kuwalinda raia. Aliyeandikwa Mtutsi alinyang'anywa haki ya kwanza ya binadamu, nayo ni haki ya kuishi.

Kisha ukafuata ukimya. Huko Kabuga, pembezoni mwa Kigali, baadhi ya nyumba zilijengwa juu ya makaburi ya halaiki, na waliojua wakanyamaza kwa miaka 24. Makaburi hayo yaligunduliwa mwaka 2018. Tarehe 4 Mei, 2019, mabaki ya watu zaidi ya 84,000 yaliyofukuliwa wilayani Gasabo yalizikwa kwa heshima huko Nyanza, Kicukiro.

Jembe hufukua mifupa, lakini halielezi marehemu alikuwa nani, wala aliuawa kwa kosa gani. Kazi hiyo ni ya msimulizi. Diogène Ntarindwa, aliyekulia uhamishoni Burundi na baadaye akawa askari wa RPF, alitunga mchezo wa mtu mmoja uitwao Carte d'identité, yaani Kitambulisho. Peke yake jukwaani, aliusimulia ukimbizi, vita na kurejea nyumbani.

Fundisho kwa askari ni moja. Raia anapomkabidhi kitambulisho, anamkabidhi uhai wake. Askari aliyesikia habari za Kabuga atakipokea akijua hivyo.