HAKI YA MWALIMU ALIYEITWA MWANAGENZI



Leo nataka kusema juu ya walimu wa Sekondari Msingi za serikali nchini Kenya.

Walimu hao walikuwa wamehitimu vyuoni na kusajiliwa na Tume ya Kuajiri Walimu. Walifundisha vipindi vyao vyote na kusahihisha madaftari usiku. Lakini barua zao za kazi ziliwaita wanagenzi, na malipo yao yakawa shilingi 20,000 kwa mwezi kabla ya makato. Mtu aliyekwisha kuhitimu, anajifunza kazi gani tena? Jina lilikuwa dogo ili ujira nao uwe mdogo.

Tarehe 17 Aprili 2024, Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, Nairobi, iliamua kwamba Tume haina mamlaka ya kuajiri wanagenzi. Kazi yake ni kuajiri walimu waliosajiliwa. Hukumu hiyo haikuleta mshahara siku ile. Mwezi wa Mei walimu waligoma. Ndipo wanagenzi 46,000 wakathibitishwa katika kazi ya kudumu yenye pensheni, kuanzia Januari 2025.

Ndugu zangu, hukumu hufungua mlango, lakini wenye haki ndio wanaoingia. Kidole kimoja hakivunji chawa. Basi kila mwalimu asome mkataba kabla ya kutia sahihi, aitunze barua yake ya kazi, na ajiunge na chama cha wenzake. Mwenye kufanya kazi kamili alipwe ujira kamili.