Mali bila daftari hupotea bila habari

(Mazungumzo na vikundi vya kujisaidia, Msambweni)

Nimeombwa nizungumze juu ya urithi. Najua wengine mnasema moyoni, "Huyu naye, sisi tumekuja kuhesabu pesa za kikundi, yeye atuletea habari za kifo." Jamani, anayehesabu mali yafaa ajue pia nani ataishika yeye akiondoka.

Nianze na nyumbani kwetu. Baba alifariki akaacha shamba na minazi. Hakuandika kitu. Arubaini haijafika, wapwa zake wakaja kuangua nazi. Walisema mali ya mjomba ni ya mpwa, ndivyo walivyofanya mababu. Sisi watoto tukasema ni yetu. Baba mdogo naye alikuwa ameshapata mnunuzi wa ploti kutoka Diani. Mama alikaa jikoni, hakuna aliyemwuliza neno. Kesi ilikula miaka sita, ikala na mbuzi wote. Mpaka leo mimi na binamu yangu twapishana njiani bila salamu. Nazi zenyewe ziliangukia majani.

Ugomvi huu si wa kwetu peke yetu. Hapa Kwale, Wadigo na Waduruma tangu zamani walihesabu ukoo wa kukeni, na mali nyingi ilitoka kwa mjomba ikaenda kwa mpwa. Uislamu ukaleta mafungu yake, na serikali ikaleta sheria yake. Tena huku pwani mnazi waweza kuwa na mwenyewe, na ardhi ikawa na mwenyewe mwingine. Pesa za ploti zilipoingia, kila mtu akashika kawaida inayompa yeye.

Sasa sheria yasemaje? Sheria ya Urithi ya Kenya ilianza kutumika tarehe 1 Julai 1981. Mtoto wa kike ni mrithi kama wa kiume, hata akiwa ameolewa. Mwenye wake wengi, mali yake hugawiwa nyumba kwa nyumba kwa hesabu ya watoto, na kila mjane huhesabiwa pia. Tangu 1990, Mwislamu hurithiwa kwa sheria ya Kiislamu, na Kadhi aweza kuamua. Huko mjane mwenye watoto hupata thumuni, na mtoto wa kiume hupata mara mbili ya dada yake.

Kwa hiyo, tufanye nini?

1. Tuandike wasia tungali wazima. Mwenyewe atie sahihi au kidole mbele ya mashahidi wawili, nao watie sahihi. Shahidi asiwe mtu anayepewa kitu humo. Mwislamu asipite theluthi moja, wala asimwusie mrithi bila ridhaa ya wenziwe.

2. Tusitegemee maneno matupu. Wasia wa mdomo hukubaliwa ukisikiwa na mashahidi wawili, lakini mwenyewe akiishi zaidi ya miezi mitatu baada ya kuusema, hauna nguvu tena.

3. Tuandike kila kitu: hati iko wapi, minazi na miembe ni ya nani, nani anadai, nani anadaiwa, na hisa za kikundi apewe nani.

4. Msiba ukitokea, mtu asiuze wala asigawe. Kugusa mali ya marehemu bila ruhusa ya mahakama ni kosa. Faini yafika shilingi 10,000, au kifungo cha mwaka mmoja, au vyote viwili. Chukueni cheti cha kifo na barua ya chifu yenye majina ya warithi wote, mwende mahakamani. Tangazo hutoka katika Gazeti la Serikali, na mwenye pingamizi ana siku 30. Akina mama, isomeni ile barua ya chifu kabla haijaondoka. Jina lisilomo ndilo litakalolia baadaye.

Watu huogopa kwamba kuandika wasia ni kujiita kaburini. Baba yangu hakuandika, naye alikufa. Tofauti ni kwamba alituachia kesi.

Basi leo jioni, kabla ya kulala, kaa na mwenzako na daftari la watoto. Andikeni mstari wa kwanza. Mkutano ujao, kila mmoja atuambie amefika wapi.