Takashi Shimura, Mchezaji wa Sinema wa Japani



Watu wengi waendapo kutazama sinema, hushika jina la kijana shujaa peke yake. Lakini wazee wetu walinena kwamba figa moja haliinjiki chungu. Jioni ya leo nataka kuwasimulia habari za mtu aliyekuwa figa la pili kwa miaka mingi, naye ni Takashi Shimura wa Japani.

Bwana huyu alizaliwa mwaka 1905. Hakuwa na sura ya kusifiwa kwa uzuri. Alianza na michezo ya jukwaani, akaingia katika sinema mwaka 1934, na mara nyingi kazi yake ilikuwa kusimama kando ya wenye sifa. Akira Kurosawa, mwongozi mashuhuri wa sinema, alipotoa picha yake ya kwanza mwaka 1943, Shimura alikuwamo; na katika picha 30 za Kurosawa, yumo katika 21. Mara ni daktari mlevi, mara ni askari mpelelezi, mara ni mkata kuni. Kila mtu alimwigiza kana kwamba ndiye yeye.

Basi, mwaka 1952 zamu yake ikafika. Katika picha iitwayo Ikiru, maana yake Kuishi, alikuwa mkuu wa ofisi moja ya mji, mtu aliyegonga mihuri miaka 30 wala hakutenda jambo. Wanawake wa mtaani walikuja kulalamika juu ya dimbwi la maji machafu. Wakapelekwa meza hadi meza, wakarudi mikono mitupu. Punde mzee huyo akatambua kuwa ana saratani ya tumbo, na siku zake zimekaribia kwisha. Ndipo alipoitwaa karatasi ya wale wanawake, akaifuata mwenyewe ofisi kwa ofisi, akiinamisha kichwa mbele ya wakubwa wala asiondoke, hata dimbwi likafukiwa na kiwanja cha watoto kikajengwa. Usiku wa theluji akaketi juu ya bembea katika kiwanja hicho, akiimba polepole, na huo ukawa mwisho wake.

Shimura hakupiga makelele katika picha hiyo. Sauti yake ni ndogo na mgongo umepinda. Macho yake ndiyo yasemayo. Miaka 2 baadaye, mwaka 1954, aliigiza mkuu wa wapiganaji saba waliowakinga wakulima na wanyang'anyi, na hapo alisimama wima kama mtu mwingine kabisa.

Alifariki mwaka 1982. Aliyengojea miaka 18 kando ya wengine alikuwa tayari zamu yake ilipofika. Bali yule karani aliyemwigiza aliamka siku zimekwisha. Nasi tujiulize: ni nani angojaye mbele ya meza yetu leo?